Kosa la Kuandikiwa Wastani

Mtumishi wa umma aliyekaa miaka saba kwenye daraja moja huwa na maelezo yake, na mara nyingi maelezo hayo yana sura ya mtu: bosi fulani aliyemwekea kigingi. Mwulize afisa utumishi wa ofisi hiyo hiyo, naye atakutajia ikama na bajeti ya mishahara. Lakini jalada lenyewe likitolewa masijala linaweza lisiwe na neno baya hata moja. Mna fomu mbili za tathmini zenye alama ya wastani, nyingine isiyo na sahihi ya msimamizi, na mwaka mzima ambao haukuacha karatasi yoyote. Kikao cha kupandisha vyeo kikilipitia jalada hilo hakisemi mtu huyu ameharibu kazi. Kinasema vielelezo havijakamilika, kisha kinafungua jalada linalofuata.

Tumezoea kuizungumzia taarifa mbaya ya utendaji kana kwamba ni ile inayosema waziwazi kuwa kazi imemshinda mtu. Hiyo ipo, ila ni nadra, na ikitokea inamlazimu aliyeiandika kujieleza. Naamini madhara makubwa zaidi kwa vyeo vya watumishi yanatoka kwenye taarifa isiyoonekana mbaya: alama ya katikati iliyowekwa bila maelezo, fomu iliyojazwa mwaka ukiwa umeshapita, tathmini ambayo haikufanyika kabisa. Zote hizo zinamzuia mtu kupanda kama onyo lingemzuia, lakini kwa kuwa hakuna anayeziita adhabu, hakuna anayeambiwa, na asiyeambiwa hana cha kukatia rufaa.

Tanzania ilishaliona tatizo hili, angalau nusu yake. Kwa miongo mingi baada ya uhuru serikali iliendelea na utaratibu uliorithiwa kwa Waingereza, wa taarifa ya siri ya kila mwaka. Mkubwa aliandika, mkubwa wake akatia neno, karatasi ikaenda kwenye jalada la siri, na aliyeandikwa hakuiona. Utaratibu wa namna hiyo unazaa majungu hata pale ambapo kila mtu ni mwadilifu, kwa sababu asiyejua alichoandikiwa hukisia, na mtu akikisia juu ya riziki yake mara chache hukisia mema. Sera ya menejimenti na ajira katika utumishi wa umma ya mwaka 1999 ilitaka sifa na utendaji vitangulie ukongwe kazini. Sheria ya Utumishi wa Umma ikafuata mwaka 2002, na mwezi Julai 2004 ukaletwa mfumo wa wazi wa mapitio na tathmini ya utendaji kazi, ule ambao watumishi wote waliujua kwa jina la Opras.

Fomu ya Opras inafaa kutazamwa kwa karibu, maana kwenye karatasi ilikuwa chombo kizuri kuliko watu wanavyoikumbuka. Mwaka wa fedha ulipoanza Julai, mtumishi na msimamizi wake walitakiwa kukaa pamoja na kukubaliana malengo, shabaha, vigezo na rasilimali zitakazohitajika, wote wawili watie sahihi. Desemba walitakiwa kukutana tena kwa mapitio ya nusu mwaka, na malengo yaliyozidiwa na hali yangeweza kurekebishwa. Juni ilikuwa tathmini ya mwisho. Mtumishi alijipa alama mwenyewe kwanza, msimamizi akaweka yake pembeni, na alama ya makubaliano ikaandikwa kwenye safu ya tatu, kuanzia 1 kwa utendaji uliotukuka hadi 5 kwa utendaji duni sana. Palikuwa na nafasi ya maoni ya mtumishi, hata nafasi ya mwangalizi kama wawili hao wangependa mtu wa tatu awepo. Na sehemu ya mwisho kabisa ilihusu hatua za kuchukua: tuzo, maendeleo au adhabu. Ukiisoma fomu hiyo leo utaona kwamba aliyeibuni alijua hasa ugonjwa wa ripoti ya siri ulikuwa wapi. Alitaka mtumishi ajue Desemba kile ambacho zamani angekijua miaka mitatu baadaye, kwa kutoona jina lake kwenye orodha ya waliopanda.

Kilichotokea maofisini kila mtumishi anakifahamu. Fomu ilipewa pumzi pale tu ilipotakiwa. Tangazo la kuwasilisha nyaraka za kupandishwa madaraja likitoka, watu walijaza Julai, Desemba na Juni kwa mkupuo mmoja, kalamu moja, pengine mchana mmoja, na msimamizi akatia sahihi tatu zenye tarehe tatu tofauti. Mwalimu wa shule ya mbali ambaye mwalimu mkuu wake alikuwa amehama alimfuata huko alikohamia ili apate sahihi ya mwaka uliopita. Mfumo ulioletwa ili kumfungulia mtumishi dirisha ukageuka kiambatisho cha maombi, na kiambatisho kazi yake ni moja: kikiwepo hakikusaidii sana, kikikosekana kinakuangusha.

Kwa nini kuangushwa mara moja kuwe jambo kubwa? Chukua maafisa wawili walioajiriwa siku moja wakiwa Daraja la II. Miundo ya maendeleo ya utumishi ya kada nyingi inataka miaka isiyopungua 3 ya kazi nzuri kabla ya kwenda Daraja la I, mingine 3 kabla ya kuwa Mwandamizi, na vivyo hivyo hadi Mkuu Daraja la II na la I. Wa kwanza anapanda kwa wakati. Wa pili anakwama kwa sababu mwaka mmoja hauna tathmini. Hangoji mwaka mmoja tu. Anangoja kibali kingine na bajeti nyingine. Akipanda hatimaye, hesabu ya miaka 3 inaanzia kwenye tarehe ya barua yake mpya, kwa hiyo ucheleweshaji wa kwanza unahamia kwenye daraja la pili, la tatu na la nne. Kwenye tange, yaani ile orodha ya ukubwa kazini, jina lake linasogea nyuma ya watu aliowafundisha kazi. Nafasi ya kukaimu ukuu wa kitengo inapotokea inamwangalia mwenzake. Na kwa kuwa pensheni hukokotolewa kutokana na mshahara wa miaka ya mwishoni, karatasi iliyokosekana akiwa na umri wa miaka 30 inaweza kumfuata hadi akiwa mzee wa miaka 70. Hakuna kamati ya nidhamu ambayo ingempa mtu adhabu ya namna hiyo kwa kosa dogo bila kumwita ajieleze.

Kwamba alama mbaya ya wazi ni nadra si jambo la kwetu peke yetu. Ofisi ya ukaguzi inayolihudumia Bunge la Marekani ilitoa mwaka 2016 takwimu za tathmini za mwaka 2013: takriban asilimia 99 ya watumishi wa kudumu wa serikali ya shirikisho, ukiacha ngazi ya juu ya uongozi, walipewa alama ya kufanikiwa kikamilifu au zaidi ya hapo. Walioandikiwa kwamba utendaji wao haukubaliki walikuwa asilimia 0.1. Mtu anaweza kucheka na kusema Wamarekani nao wanapendeleana. Mimi naona jambo jingine. Karibu kila mtu akiwa amefaulu, mchujo wa vyeo hauwezi kufanywa kwa kutenganisha waliofaulu na walioshindwa, kwa hiyo unahamia juu, kati ya wazuri na wazuri sana. Neno "nzuri" linaanza kufanya kazi ya neno "mbaya", bila kulivaa jina lake.

Alama zenyewe nazo hazistahili uzito huo. Steven Scullen, Michael Mount na Maynard Goff walichapisha mwaka 2000 uchambuzi wa alama za mameneja zaidi ya 4,000, kila mmoja akiwa amepimwa na wakubwa wake wawili, wenzake wawili na wawili walio chini yake. Zaidi ya nusu ya tofauti zote za alama ilitokana na mpimaji mwenyewe: ukali wake, upole wake, mambo anayoyathamini. Utendaji wa anayepimwa ulieleza sehemu ndogo kuliko hiyo. Hao walikuwa mameneja, wala sidai kwamba tarakimu hizo zinahamia moja kwa moja kwa muuguzi wa zahanati ya Nkasi. Lakini Opras ilikuwa na sehemu nzima ya sifa za utendaji bora, ikipima mahusiano kazini, kusikiliza, kuwajibika, utii na uadilifu, na sijui ni kwa muujiza gani mambo hayo yangepimwa kwa haki zaidi kuliko yalivyopimwa huko. Wasimamizi wawili wakimtazama mtumishi mmoja anayeuliza maswali mengi kikaoni, mmoja ataandika kwamba ni mbunifu, mwingine kwamba ana matatizo ya utii.

Jambo hili lilichambuliwa kwa umakini mkubwa na mahakama ya nchi iliyorithi ripoti ya siri kwa mkoloni yule yule. Dev Dutt alikuwa mhandisi mtendaji katika idara ya serikali ya India inayojenga barabara za mipakani. Ili kuwa mhandisi msimamizi alihitaji alama ya "nzuri sana" kwa miaka mitano mfululizo. Alikuwa nayo, isipokuwa mwaka 1993 hadi 1994 alipoandikiwa "nzuri". Kikao cha vyeo kilipokaa jina lake halikufikiriwa. Serikali ilijitetea kwa hoja ambayo afisa utumishi yeyote wa hapa angeitoa: kanuni zinataka mtumishi ajulishwe alama mbaya, na "nzuri" si mbaya, kwa hiyo hapakuwa na wajibu wa kumjulisha. Tarehe 12 Mei 2008 Mahakama ya Juu ya India iliikataa hoja hiyo. Majaji walisema ubaya wa alama haupimwi kwa neno lililotumika bali kwa matokeo yake, na kama "nzuri" imemwondoa mtu kwenye kinyang'anyiro, basi kwake ilikuwa mbaya. Kisha wakaenda mbali zaidi ya alichoomba mhandisi huyo: kila alama, iwe ya chini, ya kati au ya juu kabisa, ifikishwe kwa mtumishi ndani ya muda unaofaa ili apate nafasi ya kuipinga. Mwaka 2013 jopo la majaji watatu wa mahakama hiyo hiyo likathibitisha msimamo huo, na serikali ilikuwa imeshaagiza tangu mwaka 2009 kwamba taarifa nzima ionyeshwe kwa mhusika, naye apewe siku 15 za kuleta pingamizi.

Nimeitaja kesi hiyo kwa kirefu kwa sababu inaonyesha mahali ambapo uwazi wetu uliishia. Opras ilifungua yaliyoandikwa, na hilo ni jema. Haikufungua yaliyofanywa na maandishi hayo ndani ya kikao. Mtumishi wa Tanzania alijua ana alama ya 3. Ambacho hakuambiwa ni kama alama hiyo ndiyo iliyomwacha, au ni bajeti, au ni fomu ya mwaka juzi iliyopotelea njiani kati ya kata na wilaya. Dev Dutt naye, kwa taarifa ya msomaji, alishinda akiwa ameshastaafu.

Hapa kwetu kuna kilichoongeza ukungu. Mwaka 2016 serikali ilisimamisha ajira mpya na upandishaji wa vyeo ili kuhakiki watumishi hewa, na uhakiki wa vyeti uliofuata ukawaondoa maelfu. Hatua hiyo ilikuwa na sababu zake, lakini kwa mfumo wa tathmini ilikuwa pigo. Mchapakazi na mtegaji wote walisimama mahali pamoja, na kila mmoja akajifunza kwamba alama ya 1 na alama ya 4 zina thamani sawa serikali ikifunga mkoba. Vyeo vilipofunguliwa, kundi kubwa lilipandishwa, na baadaye ukaja utaratibu wa mserereko ili waliocheleweshwa wawafikie wenzao. Mserereko ulikuwa haki kwa walioumia. Hata hivyo hauulizi ulifanya nini; unauliza ulitakiwa kupanda lini. Kwa hiyo tuna kizazi cha watumishi ambacho hakijawahi kuona uhusiano ulionyooka kati ya taarifa ya utendaji na barua ya cheo, na kizazi hicho ndicho sasa kinashika usimamizi.

Wapo watakaosema kwamba ukimlazimisha msimamizi kumwonyesha mtu kila alama na kuieleza, atampandishia kila mtu ili aishi kwa amani. Pingamizi hilo lina uzito. Ni vigumu kumwandikia udhaifu mtu ambaye mnashinda naye chumba kimoja, mnachanga wote kwenye misiba, na pengine kesho yeye ndiye atakayekuwa bosi wako. Lakini takwimu za Marekani zinaonyesha kwamba alama zimeshapanda mpaka zimegota dari. Na dawa ya nguvu, ile ya kuamuru kwamba lazima sehemu fulani ya watu wapewe alama za chini, imejaribiwa. Uingereza katika miaka ya 2010 iliwataka wakuu wa idara waiweke asilimia 10 ya watumishi kwenye kundi la chini, malalamiko yakazidi faida, na utaratibu ukaachwa. Kinachopunguza alama za bure ni kudai ushahidi. Msimamizi anayetakiwa kutaja kazi tatu zilizofanywa vizuri kabla ya kutoa alama ya juu atapata shida kuitoa kwa mtu asiyefanya hata moja, na aliyeandika wastani naye atatakiwa aseme wastani wa nini.

Pingamizi jingine ni la kisheria: kupanda cheo si haki ya mtumishi, ni fursa, na mwajiri hawajibiki kueleza kwa nini hakumpa mtu fursa. Kwa maneno yalivyo ni kweli. Lakini angalia mwongozo wa utendaji bora katika ajira uliotolewa mwaka 2007 chini ya sheria za kazi za Tanzania. Kabla ya kumwachisha mtu kazi kwa utendaji duni, mwajiri anaulizwa kama mfanyakazi alikijua kiwango kilichotakiwa, kama kiwango hicho kilikuwa cha haki, sababu za kushindwa kwake, na kama alipewa nafasi ya kujirekebisha. Hayo ni maswali ya busara, na ajabu ni kwamba tunayauliza siku ya kumfukuza mtu peke yake. Mtu anayepoteza ajira anasikilizwa mara moja na kwa kina. Anayepoteza madaraja mawili katika miaka kumi hasikilizwi hata kidogo, ingawa hasara yake kwa shilingi inaweza isiwe ndogo sana. Haki ya cheo haipo, sawa. Haki ya kufikiriwa kwa taarifa sahihi ni jambo jingine, na bila hiyo neno ushindani halina maana.

Kuna pia wanaotaka turudi kwenye ukongwe: kila mtu apande zamu yake ikifika, majungu yaishe. Siwadharau. Ukongwe haupendelei kabila wala hauombi rushwa, na kwa mtumishi aliyechoka na visasi vya maofisini una heshima yake. Shida ni kwamba anayelipia gharama yake hayumo ofisini. Ni mkulima anayesubiri afisa ugani asiyetoka, ni mgonjwa kwenye benchi, ni mwanafunzi wa darasa ambalo mwalimu wake huingia kusaini daftari la mahudhurio na kuondoka. Tathmini mbovu ni sababu ya kuitengeneza tathmini, na aliyeumizwa na alama ya hila hasaidiwi kwa kuambiwa kwamba kuanzia sasa hakuna atakayepimwa.

Tangu mwaka wa fedha 2023/24 Opras imeachwa na mahali pake umekuja mfumo wa kielektroniki wa PEPMIS. Mtumishi anaingia kwa akaunti yake, anapanga majukumu na kazi ndogondogo, anaripoti utekelezaji, na msimamizi anathibitisha na kutoa alama. Malalamiko yalianza mapema, hasa kwa walimu na wahudumu wa afya wa vijijini: simu janja ya kununua mwenyewe, bando la kulipia mwenyewe, mtandao unaopatikana juu ya kilima. Yote ni ya kweli na yanatatulika kwa fedha. Linalonishughulisha zaidi ni kwamba mfumo unaweza kuirithi ile fomu isiyo na sahihi. Msimamizi asipofungua akaunti yake, kazi ya mtumishi inabaki bila alama, na mfumo wa kompyuta hauna huruma ya afisa utumishi anayemfahamu mtu na kumwambia akimbie akatafute sahihi.

Lakini mfumo huo una kitu ambacho karatasi haikuwa nacho: unajua tarehe. Haiwezekani tena kuijaza Desemba mwezi Juni na kusingizia. Inaonekana nani aliripoti kazi yake na nani aliyekaa nayo bila kuipima. Ingetosha kanuni fupi, kwamba kipindi ambacho mtumishi aliripoti na msimamizi hakupima kisihesabiwe dhidi ya mtumishi, na kihesabiwe kwenye alama za msimamizi mwenyewe. Na kwamba kila aliyefikiriwa akaachwa aandikiwe barua inayotaja sababu moja kati ya zinazojulikana, yaani bajeti, muundo, nidhamu au alama, pamoja na siku za kupinga. Barua ya namna hiyo haihitaji programu mpya wala fungu la bajeti. Itapingwa hata hivyo, na si vigumu kujua itapingwa wapi: wakuu wa idara wanaoketi kwenye kikao cha kupandisha vyeo ni wasimamizi wale wale ambao alama zao zingeanza kuhesabiwa.